Mjomba Aliyekwenda Kuniposea

Nilikwenda kujiposea mke nikiwa nimevaa kama mjomba wangu mwenyewe, tukanyimwa, na nilipoulizwa kama naona haki katika kunyimwa huko, nikasema naiona, nikatoa mkono. Watu wengine hufanya ujinga wao wakiwa wamelewa. Mimi sikuwa nimekunywa kitu isipokuwa chai, vikombe vitatu, na ilikuwa saa tisa alasiri, jua likiwaka.

Niliyekwenda kumposa alikuwa fundi wa nguo. Nilimpenda. Nasema hivyo mapema na kwa kifupi, kwa kuwa najijua: mbele huko nitaanza masihara, na utadhani hata mapenzi yenyewe yalikuwa masihara.

Hayo yalikuwa katikati ya miaka ya sabini. Nilikuwa na miaka ishirini na minane, cheti cha kidato cha nne, na kazi ya ukarani katika stoo ya vipuri huko viwandani. Kazi ikiisha nilirudi moja kwa moja chumbani kwangu, katika nyumba za kanjo, yaani baraza la jiji, zilizo kati ya Bahati na Maringo. Wenzangu walikwenda kutazama mpira, kucheza dansi, kutafuta wachumba. Mimi nilikuwa na kitanda, kiti kimoja, jiko la mafuta ya taa, na redio ya mkono wa pili iliyoshika stesheni moja na nusu. Nikienda sokoni kununua mboga, nikirudi nililala kidogo kama mtu aliyetoka safari ya mbali.

Ukuta wa chumba changu haukufika kwenye paa. Kanjo walipojenga waliacha nafasi ya kama futi mbili hivi ili hewa ipite, na pamoja na hewa vilipita vitunguu, vikohozi, maombi na ugomvi. Upande wa pili walikaa mzee mmoja wa reli, fundi wa mabehewa, na mkewe. Walikuwa watu wa kwetu magharibi, wa lugha yangu, tena wa kilima cha pili kutoka kwetu. Yule mama alinilea kupitia juu ya ukuta bila kuomba ruhusa.

"Wewe jirani! Maziwa yanamwagika!"

"Nimeyaona, mama."

"Umeyaona au umeyanusa?"

Jumapili alasiri watu wa kwetu walikutana, wiki hii nyumba hii, wiki ijayo nyumba ile, kusalimiana na kujua nani yuko hospitali na nani amefiwa. Mzee wa reli alikuwa akinigongea mlango. "Kijana, twende ukajulikane." Nikamwambia nina mafua. Jumapili iliyofuata, mafua. Niliugua mafua ya Jumapili kwa mwaka mzima na ushei, mafua yaliyopona Jumatatu asubuhi bila dawa, mpaka siku moja sikusikia mtu akigonga. Nilisikia tu mlango wao ukifungwa na viatu vya mzee vikipita mbele ya wangu. Nilifurahi. Nikajipikia chai. Kisha nikakaa na ile chai mkononi mpaka ikashika utandu.

Sasa mtu wa namna hiyo alifikaje jukwaani? Kwa kujificha.

Mtaa ulikuwa na ukumbi, na ukumbini kulikuwa na kikundi cha maigizo kilichokuwa kikitafuta mtu wa kukaa nyuma ya pazia na kuwanong'oneza wenzake maneno wakiyasahau. Kazi ya kukaa nyuma ya pazia niliipenda kabla sijamaliza kuisikia. Lakini mtunzi wetu, karani wa posta, alihamishwa ghafla kwenda Kisumu wiki ile ile ya onyesho, akaondoka na daftari lenye mchezo wote. Mhusika mkuu naye akawa ameondoka, kwa kuwa alikuwa ni yeye yeye. Ukumbi umejaa. Fundi mmoja wa redio, ambaye ndiye aliyebaki kiongozi, akachukua koti kubwa lililokuwa limetundikwa kwenye msumari, akanivika, akanibandika kofia kichwani, akanisukuma.

Palikuwa na kiti jukwaani. Nikakaa, nikavua kofia, nikaiweka gotini, nikakohoa. Sikuwa nimepanga lolote. Ndivyo alivyofanya mjomba wangu, kaka ya mama, kila alipoingia chumbani kwangu. Alikuwa akija mjini mara moja kwa mwaka, "kwa siku mbili", akakaa mpaka likizo yangu ikaisha. Alikalia kiti changu, mimi nikakalia debe, na mtu yeyote aliyechungulia mlangoni alielezwa habari zangu nikiwa pale pale nasikia: "Huyu kijana hali. Huyu kijana hatembei. Ni mtoto wa dada yangu kabisa, lakini sijui tumpeleke wapi." Alikuwa amekufa mwaka mmoja kabla ya siku ile ya ukumbini. Sikujua kwamba nilikuwa nimembeba, mpaka alipokohoa.

Watu wakacheka. Mmoja akapaza sauti kutoka nyuma, "Mzee, umetuletea ndizi?"

"Ndizi zilitangulia jana," nikajisikia nikisema, kwa sauti isiyo yangu. "Nimekuja kuuliza ni nani amezila."

Kuanzia siku hiyo hatukuandika mchezo tena. Kila Jumamosi alasiri nilivaa lile koti, nikapaka majivu kidogo kwenye nywele za kando, nikavaa miwani isiyo na vioo, nikakaa kitini, na watu wakanipa mambo. Mjomba, mwanao amekamatwa na askari wa kanjo. Mjomba, mkeo amejiunga na kwaya na hataki kupika. Chochote. Sheria yetu ilikuwa moja, na fundi redio aliirudia kila tulipokutana: usikatae unachopewa. Mtu akikwambia mguu wako umevunjika, chechemea. Ukisema haujavunjika, mchezo umekufa, na ukumbi mzima umebaki unakutazama.

Watu walitoka Kaloleni na Jericho, wengine walipanda kwa miguu kutoka bonde la Mathare. Mjomba alijulikana. Asubuhi ya Jumapili nilipita katikati ya watu hao hao nikienda bombani na ndoo yangu, na hakuna aliyegeuza shingo.

Kisha koti likachanika bitana.

Yule fundi wa nguo alifanya kazi katika duka la nguo za shule, kando ya barabara, cherehani yake ikiwa mlangoni ili apate mwangaza. Alilipokea koti, akalipindua ndani nje, akaingiza mkono mfukoni, akatoa miwani.

"Hii ni ya nini?"

"Ya kusomea."

Akapitisha kidole pale kioo kilipotakiwa kuwa. "Unasoma nini na hii?"

"Gazeti la jana."

Alicheka huku ana pini mdomoni, na mimi nikaogopa asije akaimeza. Koti lile lilitiwa bitana mara nne mwaka ule, na mara tatu kati ya hizo halikuwa limechanika. Saa ya chakula cha mchana tulikaa kwenye benchi lililokuwa nje ya duka tukala maandazi. Yeye alizungumza, mimi nikasikiliza, na mara moja moja nilisema jambo, naye aliinamisha kichwa akalingoja jambo hilo limalizike, hata likichelewa. Sijawahi kungojwa namna hiyo. Alikuja ukumbini mara moja tu. Watu walipokuwa wanatoka alinijia pale pembeni, nikiwa bado nafuta majivu, akasema, "Mzee wako ni mtamu. Ukimaliza naye uniambie, nina maneno na wewe."

Maneno yake yalikuwa haya: kwao wameanza kumuuliza.

"Baba ni mzee wa kanisa na ni seremala," alisema. "Hapendi mtu wa kubabaisha. Lete wazee wawili au watatu waje wabishe hodi. Wewe siku hiyo huji, kwetu si desturi. Wao ndio watakaokusema."

"Watanisemaje?"

"Vizuri, natumaini."

Wazee. Mjomba alikuwa kaburini. Baba pia, tangu nikiwa shule ya msingi. Walibaki wale wazee wa Jumapili, na mlango wa kwanza wa kubisha ulikuwa wa mzee wa reli. Kwetu mzee hajipeleki mwenyewe kwenye posa ya mtoto wa mwenzake, hata kama anajua kila kitu. Huombwa. Unakwenda kwake, unakaribishwa, unakaa, unasema: nimepata mtu, naomba unisimamie. Maneno manne tu.

Niliyafanyia mazoezi chumbani nikitembea kutoka kitandani hadi mlangoni. Kwa sauti yangu yalitoka kama ya mtu anayeomba kuazimwa chumvi. Kwa sauti ya Mjomba yalitiririka. Jioni tatu nilitoka, jua likiwa bado lipo, nikafika mbele ya mlango wao. Jioni ya kwanza niliwasikia wanakula, nikaona nisiwakatize. Ya pili nilisikia kimya, nikaona wamechoka. Ya tatu mama alifungua kumwaga maji akanikuta nimesimama kama mlingoti.

"Una shida, jirani?"

"Hapana, mama. Napunga hewa."

"Mbele ya mlango wangu?"

"Hewa ya hapa ni nzuri."

Alinitazama kwa muda, karai likiwa mikononi. Kisha akamwaga maji, akarudi ndani, na akauacha mlango wazi. Nilidhani amesahau kuufunga. Nikaenda zangu kulala. Ningeingiaje kwa mtu niliyemdanganya mafua mwaka mzima, nikamwambie sasa nimepona kwa kuwa nataka kuoa?

Ndipo nikapata lile wazo. Nilipomwambia fundi redio, alilikataa kwa dakika tano hivi. "Wewe una wazimu," alisema. "Utajiposea mwenyewe?" Nikamwambia, umepewa, usikatae. Ilikuwa sheria yake, akachechemea. Tukamchukua na mpiga ngoma wetu, ambaye mvi zake zilikuwa za haki, tukampa masharti ya kunyamaza.

Yule binti sikumwambia. Nilijiambia nitamshtua kwa furaha.

Tulifika Jericho Jumamosi moja ya mwezi wa nane, onyesho la siku hiyo tukiwa tumeliahirisha. Sebule ilikuwa ndogo na safi, viti vya mbao alivyovitengeneza mwenye nyumba, kila kiti na kitambaa chake. Baba yake alikuwa mtu mrefu, mpole wa macho, viganja kama mbao alizozipiga randa. Wao ni watu wa mkoa wa kati, sisi wa magharibi, kwa hiyo mazungumzo yalikuwa ya Kiswahili, na hakuna aliyemjua mjomba wa nani ni nani. Nikakaa. Kofia gotini. Nikakohoa. Nikamwona yule baba akitabasamu kidogo, na moyoni nikasikia kile ninachokisikia ukumbi unapoanza kupata moto.

Binti aliingia na birika la maji na beseni kutunawisha mikono. Alianza na mpiga ngoma, akamfuata fundi redio, akafika kwangu akiwa ameinamisha macho kwa heshima, na kitu cha kwanza alichokiona ni koti. Bitana aliyoishona mwenyewe ilikuwa imechungulia kwenye mkono. Kisha akaona kidole gumba changu, kina wino wa zambarau wa muhuri wa stoo, wino ambao haukutoka hata kwa sabuni ya kipande. Alimimina maji juu ya kidole kile taratibu, kwa muda mrefu kuliko inavyohitajika. Nilidhani atapiga kelele.

"Karibu kwetu, mjomba," akasema, akaenda zake jikoni.

Mpaka hapo, msomaji, hakuna kilichokuwa kimeharibika. Nataka uelewe hivyo. Angeweza kunitoa kama mwizi na hakunitoa. Alinipa nafasi.

Chai ikaja. Baba akauliza habari za safari, habari za mvua huko kwetu, nami nikajibu kama Mjomba alivyozoea kujibu, kwamba mvua ni nyingi ila inanyesha kwa majirani. Akacheka. Kisha akaweka kikombe chini.

"Sasa, mzee mwenzangu. Huyo kijana wenu ni mtu wa namna gani?"

"Kijana wetu," nikasema, "ni mtu wa nyumbani."

"Hilo ni jema."

"Sana. Ni wa nyumbani mpaka kitanda kinamwomba ruhusa kiende haja."

Baba alitoa kicheko kimoja kifupi, cha mtu aliyeshtukizwa. Kutoka jikoni nikamsikia mama wa nyumba naye akicheka. Ningepaswa kukomea hapo. Fundi redio alinikanyaga mguu chini ya meza ili nikomee hapo.

"Anakunywa?" baba akauliza.

"Pombe? Mzee, kunywa pombe lazima mtu atoke."

"Kanisani je, huenda?"

"Angekwenda. Ila Jumapili huwa ana mafua."

Baba alikuwa ameshatoa leso. Yule mama alikuwa amekuja mpaka mlangoni, mkono mdomoni. Nilikuwa sijawahi kupata watu wanaocheka vizuri vile, watu wawili waliofanya sebule nzima itikisike. Kila nilichosema kilikuwa kweli, na kila kilipokuwa kweli zaidi walicheka zaidi.

"Basi ana marafiki? Mtu wa kumtembelea?"

"Ana ukuta," nikasema. "Wanaelewana. Ukuta hausemi sana, na yeye pia hasemi."

Nyuma ya yule mama, jikoni, nilimwona binti. Alikuwa amesimama na sinia. Hakuwa akicheka. Alikuwa ameinamisha kichwa upande, vile vile anavyofanya kwenye benchi akiwa anangoja nimalize jambo.

Baba alifuta macho, akavuta pumzi, akawa mtu wa kanisa tena. "Mzee mwenzangu, umenifurahisha. Na kwa kuwa umekuwa mkweli nami, nitakuuliza swali la kweli. Ungekuwa wewe ndiye mimi, na huyu ni binti yako. Huyo kijana ungempa?"

Palikuwa kimya. Kimya kile nakijua. Ni cha watu waliovuta pumzi wakingoja. Nilikuwa na neno moja tu la kusema, ndiyo, na lilikuwa ni la mtu ambaye hakuwa amekaribishwa pale. Aliyekaa kitini alikuwa Mjomba. Mjomba akaweka kofia kichwani, akaitoa tena.

"Yule?" akasema. "Yule nisingempa hata kuku anichungie."

Walicheka mpaka baba akashika ukingo wa meza. Mpiga ngoma, aliyeambiwa anyamaze, alicheka pia. Kicheko kilipotulia, baba akaninyooshea mkono juu ya meza. "Basi tumeelewana, mzee. Hakuna ubaya. Unaona haki katika hilo?"

"Naiona," nikasema, nikaushika mkono. Ulikuwa mzito na wa joto.

Akatusindikiza mpaka barabarani. "Mjomba, usipotee," aliniambia. "Njoo hata bila sababu."

Jumatatu nilikwenda dukani saa ya chakula. Alikuwa anashona. Hakuinua macho.

"Nilisimama na sinia pale nikakungoja," alisema. "Nikasema, sasa hivi atasema moja. Kwamba ana kazi. Kwamba hajawahi kuniambia uongo. Moja tu, hata dogo. Ukasema kuku."

Nikakohoa kile kikohozi. "Mama fundi," nikaanza, kwa sauti ya Mjomba, "huyu kijana..."

"Usiniletee huyo hapa." Akasimamisha gurudumu la cherehani kwa kiganja. "Sikiliza. Baba hajakukataa wewe. Wewe hajakuona. Tafuta wazee wa kweli, waje waseme wewe ni nani, mimi nitayatengeneza mengine. Nakupa mpaka shule zifunguliwe. Shule zikifunguliwa nitakuwa na yunifomu mpaka shingoni, sitakuwa na nafasi ya kungoja mtu."

Ilikuwa mwezi mzima. Mtu mwingine angepata wazee kutoka Turkana kwa mwezi mmoja. Mimi nilirudi kwenye mazoezi yangu, kitandani hadi mlangoni. Nimepata mtu, naomba unisimamie. Jumamosi asubuhi nilijiambia Jumamosi jioni. Jumamosi jioni nilikuwa natoka ukumbini nimechoka na watu, nikajiambia Jumapili. Jumapili nilisikia viatu vya mzee vikipita mbele ya mlango wangu kwenda kwa wenzake, mara nyingine vikipita polepole, na nikajiambia si vizuri kumsimamisha mtu njiani. Asubuhi moja niliona watoto wa majirani wamevaa sweta mpya, soksi zimevutwa mpaka magotini. Shule zilikuwa zimefunguliwa.

Aliolewa mwaka uliofuata. Nilisikia kwamba huyo mwingine alikuja na wazee tisa na viti havikutosha.

Koti likichanika tena nililishona mwenyewe, kwa uzi wa rangi isiyofaa.

Mjomba aliendelea vizuri, nikisema kwa upande wake. Mwanzoni mwa miaka ya themanini walimchukua redioni, robo saa kila wiki. Wasikilizaji waliandika barua za kumpa mambo, naye akayajibu. Tulirekodi Jumatano, katika chumba kisicho na dirisha. Sikuhitaji koti wala majivu. Nilikaa peke yangu mbele ya kipaza sauti nikakohoa, na upande wa pili wa kioo mtu wa mitambo alikula maandazi yake bila kunitazama. Ukumbini kicheko kilikuwa kinanionyesha njia. Humu nilitembea gizani nikipapasa. Lakini barua zilizidi.

Kipindi kilitoka Ijumaa, saa moja kasoro robo jioni. Redio yangu niliizima saa hiyo. Haikuwa na maana, kwa kuwa ya jirani ilikuwa wazi, na ukuta ni ule ule. Nilikaa kitini na sahani yangu nikamsikiliza Mjomba akiwachekesha mzee wa reli na mkewe futi sita kutoka nilipo. Mama alikuwa na kicheko cha kupiga mapaja. Siku moja, kabla ya kipindi kuanza, mtangazaji alisoma kadi za salamu, na moja ilitoka kwa seremala mmoja wa Jericho: anamsalimu Mjomba, anamkumbusha kuwa alimwambia asipotee. Baadaye nilisikia kwamba yule mzee alikuwa akiwasimulia watu wa kanisa jinsi mchekeshaji wa redio alivyofika kwake mwenyewe na kumchekesha bure, akitumwa na kijana fulani mvivu ambaye hakuna aliyewahi kumwona. Mzee hakumuulizia kijana huyo hata siku moja. Alimkumbuka Mjomba tu.

Mwaka wa unga wa njano, ule wa njaa tulipokula ugali wa rangi ya boga na kulalamika nyumba hadi nyumba, mzee wa reli alistaafu. Lori la kuwapeleka nyumbani lilikuja asubuhi. Nilitoka kusaidia, na watu wa ploti wakasimama na ndoo zao kuniangalia kama kwamba mti umetembea.

Mzee alikuwa nje akifunga kamba. Ndani, yule mama alikuwa amepiga magoti mbele ya sanduku la bati, akipanga nguo. Akatoa koti la kijivu, limekunjwa vizuri, mstari wa pasi bado unaonekana kwenye mikono.

"Koti zuri, mama," nikasema. "Sijawahi kumwona mzee nalo."

"Utamwonaje nalo? Lilikuwa la kwenda Jericho kukuposea; habari za yule fundi wako tulizijua."

Akaendelea kukunja, bila haraka.

"Ulidhani ukuta huu unasikia upande mmoja? Nimepata mtu, naomba unisimamie. Leo kwa sauti yako, kesho kwa ya huyo mzee wa redio. Tulikuwa tunakaa hapa tunaangaliana. Mimi nikamwambia, nenda ukamgongee. Akasema, siwezi, mzee hajipeleki, tena yule nilimgongea mwaka mzima akanikataa. Akasema, zamu yake sasa. Ndipo nikakuachia mlango wazi ile siku ya karai."

Nje kamba ilikuwa inakazwa. Nilimsikia mzee akiguna. Nikatazama ule ukuta kutoka upande wao. Sikuwa nimewahi kuuona kutoka huko. Walikuwa wametundika kalenda ya reli, na chini yake kulikuwa na kiti kimoja cha mgeni, kimeegemezwa pale pale ambapo upande wangu pana kitanda.

Nikakohoa, kile kikohozi, na mkono wangu ukaenda kutafuta kofia ambayo haikuwepo. Mama alininyooshea kidole kabla Mjomba hajafungua mdomo.

"Huyo mzee wako mnyamazishe leo," alisema. "Mume wangu alilipiga pasi koti hili kila Jumamosi, mwezi mzima, akingoja ubishe hodi, na wewe uliogopa mlango. Haya, shika kabati upande huo, lori linangoja."